Jinpa: steringi wa Tibet aliyechoka kunyamaza

Tuliokulia kwenye vibanda umiza tuna sheria moja kuhusu muvi: steringi hafi. Umelipa hela yako, umebanwa kwenye benchi na watoto wa mtaa mzima, feni inazunguka ila hewa haiji, na anayechelewa kuingia swali lake la kwanza ni "steringi nani?" Anaonyeshwa kwa kidole, yule mwenye koti jeusi, basi roho inatulia. Ukishamjua steringi unaweza hata kutoka ukanunue mihogo ya kukaanga ukarudi, maana utamkuta yuko hai.

Nimeanza na hayo ili uelewe kwa nini muvi ya Kitibeti inayoitwa Jinpa, ya mwaka 2018, ilinishinda mara ya kwanza. Steringi yupo na vigezo vyote anavyo. Jibaba, nywele timtim, ndevu, koti la ngozi, miwani ya jua hata pasipo na jua, na anaendesha lori peke yake kwenye uwanda wa Kekexili huko juu ambako huoni hata mti mmoja. Kwenye kaseti ya lori inapiga O Sole Mio, ule wimbo wa Kitaliano, ila umeimbwa Kitibeti. Nikakaa vizuri, nikasema hapa leo kuna ngumi. Halafu jamaa akagonga kondoo. Akashuka, akamtazama, akampakia, na kuanzia hapo shida yake kubwa ni yule kondoo, kampeleka kwa mtawa amsomee dua kabisa kama binadamu. Njiani anampa lifti mtu mwenye kisu kiunoni anayesema anakwenda kumuua aliyemuua baba yake, na huyo mtu wanapoulizana majina naye anaitwa Jinpa vilevile. Ngumi haikuja. Nililala dakika ya arobaini hivi, na muvi yenyewe haifiki hata saa moja na nusu.

Niliirudia wiki mbili baadaye kwa sababu ya kitu kimoja tu, nacho ni cha kikazi. Mimi naediti video za harusi, kipaimara, sendoff, mahafali, chochote kinacholipa. Masaa kumi kwa siku naangalia sura za watu wanaojua wanarekodiwa, na nikwambie, mtu akishaiona kamera anabadilika hapohapo, shingo inanyooka, tabasamu linakuja halafu linasahau kuondoka, mzee wa heshima anaanza kutafuna taratibu kama tangazo la biashara. Yule dereva wa lori hakuwa na hata chembe ya hiyo kitu. Kuna sehemu anafika mjini, huku kondoo aliyemgonga yuko kwenye lori anasubiri dua, na yeye anakwenda buchani kununua nyama, nyama ya kondoo. Nilirudisha nyuma mara tatu nione kama atatupa ishara yoyote, kama atatukonyeza sisi watazamaji kwamba jamani mmeona kichekesho hicho. Wapi. Ananunua nyama kama mtu anayenunua nyama.

Nikataka kujua huyu bwana ni nani.

Kumbe jina lake la kweli ndiyo hilohilo, Jinpa. Kwa Kitibeti ni neno la kidini linalomaanisha kutoa, ukarimu, kwa hiyo ukitaka kulifanya la kwetu ungemwita Karimu. Na kuna kitu kuhusu hilo jina kinachonifurahisha. Kwa Kichina filamu ile haiitwi Jinpa, inaitwa kitu kama "Kumgonga Kondoo Akafa". Kwa huku nje ndiyo ikapewa jina la wahusika wake, ambalo ni jina la mwigizaji. Halafu kwenye Snow Leopard, chui wa theluji, ya 2023, mhusika wake tena anaitwa Jinpa. Huku kwetu tumezoea hilo kwenye vichekesho, mchekeshaji akishapata jina la kazi linamfuata mpaka kaburini, lakini kwa filamu nzito za aina hii mi nasoma kitu kingine humo. Nasoma mwongozaji anayesema huyu si "Mtibeti", huyu ni Jinpa.

Ili hilo likuingie itabidi turudi nyuma kidogo, vumilia.

Mwaka 1963 studio ya filamu ya jeshi la China ilitoa filamu inaitwa Nongnu, yaani mtumwa wa shambani, imeongozwa na Li Jun. Ni filamu ya propaganda, haijifichi, kazi yake ilikuwa kuonyesha Tibet ya zamani ilivyokuwa jehanamu na jeshi lilivyokuja kuokoa. Ila waigizaji ni Watibeti wenyewe, na steringi ni kijana Mtibeti anaitwa Wangdui. Sasa sikia alipewa nafasi gani. Alipewa kuigiza bubu. Siyo bubu wa kuzaliwa, ni mtu aliyeonewa tangu utoto mpaka akaacha kuongea, anapita filamu karibu nzima midomo imefungwa, anabeba watu mgongoni, anapigwa, anatazama tu. Anafungua mdomo mwishoni jeshi likishafika, na anayemtaja ni Mwenyekiti Mao.

Yaani mmoja wa mastaa wa kwanza wa taifa zima kwenye skrini kubwa akapewa kazi ya kunyamaza. Na tuwe wa haki, yule Wangdui ni mwigizaji hasa, macho yale yanafanya kazi ya kurasa ishirini za maongezi. Lakini picha ikabaki hivyo kwa miaka. Mwaka 1986 Tian Zhuangzhuang akatoa Mwizi wa Farasi, filamu nzuri mno kwa macho, imepigwa kwenye nyanda za huko huko, steringi tena Mtibeti, na maongezi unaweza kuyahesabu kwa vidole. Milima inaongea kuliko watu. Hata ule mwaka 1923 unaotokea mwanzoni uliwekwa kwa shinikizo la wakaguzi, ili mtazamaji ajue mambo haya ni ya zamani, siyo ya leo. Halafu 2004 ikaja ya Lu Chuan kuhusu askari wa kujitolea wanaolinda swala wa Kekexili, kiongozi wao kaigizwa na Duobuji, Mtibeti mwenye sura kama jiwe lililopigwa na mvua miaka mia. Huyo anaongea kidogo, afadhali. Ila hata yeye tunamjua kupitia mwandishi wa habari kutoka Beijing aliyekuja kutazama. Siku zote kuna mgeni anatazama, na mwenyeji yuko pale kutazamwa.

Aliyevunja huo mchezo ni Pema Tseden, mwongozaji wa ile Jinpa na ya chui. Mtoto wa wafugaji, kazaliwa 1969 upande wa Amdo, mkoa wa Qinghai, akawa mwalimu, akawa mwandishi wa hadithi fupi kwa Kitibeti na Kichina, halafu akaenda Chuo cha Filamu cha Beijing ambako Watibeti walikuwa hawajazoeleka kabisa. Filamu yake ndefu ya kwanza, Silent Holy Stones ya 2005, mara nyingi hutajwa kuwa ndiyo ya kwanza ndani ya China kutengenezwa na mwongozaji Mtibeti, waigizaji Watibeti, lugha Kitibeti mwanzo mwisho. 2005 bana. Wakati huo sisi kwa Kiswahili tulishakuwa na maduka yamejaa CD za bongo muvi.

Na hapo kwenye lugha kuna kitu lazima ukijue. Ukisikia "Kitibeti" usidhani ni kimoja. Kuna cha Lhasa, mji mkuu wa Tibet, kuna cha Kham, kuna cha Amdo, na mtu wa Lhasa akimsikia wa Amdo akiongea haraka anaweza kuhitaji maandishi ya chini kama wewe na mimi. Sinema hii mpya kwa sehemu kubwa imezaliwa Amdo, siyo Lhasa, ingawa dunia ikisikia Tibet inawaza Lhasa na lile kasri. Kwa sensa ya 2020 Watibeti walioko China ni kama milioni 7. Igawe hiyo hesabu kwa lahaja tatu halafu uniambie mwigizaji wa Kiamdo ana soko kubwa kiasi gani. Ndiyo maana huko hakuna mfumo wa mastaa kama tunaoujua, hakuna bango la barabarani. Kuna watu wachache wanaojirudia filamu hadi filamu, ukitazama tatu nne unaanza kuwasalimia.

Mwanzoni Pema Tseden alitumia sana watu wasio waigizaji, mtawa anaigiza mtawa, mzee mfugaji anaigiza mzee mfugaji. Baadaye akaanza kuchota kwa wachekeshaji, na hapo ndipo mambo yalipochangamka. Tharlo ya 2015 steringi wake ni Shide Nyima, mchekeshaji anayejulikana sana kwa watu wa Amdo. Anaigiza mchunga kondoo mwenye mkia wa nywele, ameitwa kituoni polisi ashughulikie kitambulisho chake. Filamu inaanza amesimama mbele ya polisi anakariri kwa kichwa hotuba ya Mao ya 1944 kuhusu kuwatumikia wananchi, yote, kwa sauti ya kuimba kama mtoto wa madrasa, shoti moja haikatwi. Unacheka halafu unajikuta umeacha kucheka. Bubu wa 1963 ameanza kuongea, lakini maneno aliyonayo kichwani ni ya mtu mwingine. Baadaye anamkuta binti wa saluni, anapenda, ananyoa ule mkia, anarudi polisi kuchukua kitambulisho, na polisi anamwambia hufanani na picha. Sitasema zaidi, itafute. Ni ya rangi nyeusi na nyeupe na iko taratibu, usiiangalie na usingizi kama nilivyofanya mimi na ile nyingine.

Basi ndiyo Jinpa anaingia. Alishaonekana kwenye filamu ya Zhang Yang ya 2016, lile safari refu la mtu na jiwe takatifu, lakini kwangu anaanza kwenye lori. Ule mwaka 2018 filamu ilikwenda tamasha la filamu la Venice ikapata tuzo ya skripti bora kwenye kitengo cha Orizzonti, na mmoja wa watayarishaji alikuwa Wong Kar-wai, mwongozaji wa Hong Kong, watu wa filamu mnamjua. Ila tuzo ya skripti inanichekesha kidogo kwa sababu maneno humo ni machache. Kilichobeba ile filamu ni mwili wa yule mtu. Anavyokaa. Miwani ile ya jua inamnyima mwigizaji silaha yake kuu, macho, na bado unajua kabisa lini ameguswa na lini anajikaza. Angalia bega lake la kushoto pale kwenye nyumba ya wageni, anapoulizia habari za yule mwenye kisu. Mwenye nyumba, mwanamke, ameigizwa na Sonam Wangmo, anamchokoza kwa maneno huku anamimina pombe, na Jinpa anageuza mwili nusu tu, kama mtu anayetaka kuondoka na kubaki kwa wakati mmoja. Fremu yenyewe ni ya mraba kama tivii za chogo, watu wamebanwa humo hakuna pa kukimbilia. Mimi kama muediti ningekata pale mara sita, na ningeharibu.

Kuna sababu nyingine waigizaji hawa wamejifunza kuongea kwa bega. Filamu yoyote China inapita kwenye ukaguzi kuanzia skripti, na ukigusa mambo ya dini au makabila madogo macho yanaongezeka. Skripti inakwenda kwa Kichina, inasomwa, inapitishwa, halafu inarudi kuwa Kitibeti mdomoni mwa watu. Kisichoweza kuandikwa kwenye karatasi hakuna pa kukiweka isipokuwa kwa mwigizaji, kwenye namna anavyonyamaza kabla ya kujibu "sawa". Mkaguzi hawezi kukata pumzi. Sasa hapo ukimweka mtu anayeshindwa kubeba, una filamu ya mandhari tu, milima na bendera za dua, ile ambayo watalii wanapenda.

Na kweli wapo wanaoipenda hivyo. Kuna filamu nyingine ya Zhang Yang kuhusu wanakijiji wanaohiji kwa kusujudu hatua kwa hatua mpaka Lhasa na mlima mtakatifu, walioigiza ni wanakijiji wenyewe, na ilipotoka kwenye majumba ya China mwaka 2017 iliingiza karibu yuani milioni 100. Sina ugomvi nayo, ina uzuri wake. Ila niliona inasifiwa kwamba "hawaigizi, wako tu", na hiyo sifa inanikera. Mtu kaamka saa kumi na moja asubuhi kwenye baridi, kalala kifudifudi kwenye lami mara ishirini kwa sababu mpiga picha hakuridhika na mwanga, halafu unamwambia hakuigiza. Watu kama Jinpa wanakutana na hilo kila siku nadhani. Anafanya kazi ngumu vizuri hadi haionekani, na zawadi yake ni watu kuuliza kama ni mfugaji wa kweli.

Balloon (puto) ya 2019, ya Pema Tseden tena, ndiyo jibu. Humo Jinpa ni Dargye, baba wa watoto watatu, miaka ya tisini, ufugaji, pikipiki. Watoto wadogo wameiba kondomu za wazazi wakazipuliza kuwa maputo, kijiji kizima kinaona, aibu, na kondomu yenyewe ni ya kutafuta kwa shida. Ni kichekesho kabisa, unacheka, na Jinpa anakuwa baba mcheshi, mwili ule mkubwa sasa ni wa kubebea watoto. Anaazima dume la kondoo la mbegu kwa rafiki yake, analipakia kwenye pikipiki kama abiria wa bodaboda. Halafu babu anafariki, lama, mtawa mkubwa wa Kibudha, anasema atazaliwa upya ndani ya familia hiyohiyo, na mke, Drolkar, anagundua ana mimba ambayo serikali itawatoza faini na yeye mwenyewe hana nguvu nayo. Hapo Dargye anampiga mke wake kofi.

Niliongea hapo juu kuhusu steringi. Kwenye kibanda umiza steringi akipiga kofi watu wanashangilia. Hapa kofi linatua na nyumba nzima inakuwa baridi, na Jinpa anafanya kitu ambacho mastaa wengi hawakubali kufanya, anatuachia tumchukie. Haombi radhi kwa macho upesiupesi ili tumrudie. Anatoka kwenye njia, na kuanzia hapo filamu inakuwa ya Sonam Wangmo, anayeigiza Drolkar, ambaye mi kwa maoni yangu ndiye anayeigiza kuliko wote humo, na ubaya ni kwamba hasemwi vya kutosha. Niliandika makala hii nikiwa nataka kumsifu Jinpa na sasa naona nusu ya sifa ni ya mama yule aliyesimama mbele yake. Poa. Mwisho Dargye anawanunulia wanawe maputo ya kweli, mawili mekundu, kama alivyoahidi. Moja linapasuka, jingine linaponyoka linapanda juu.

Tunakuja kwenye chui.

Snow Leopard inaanza na timu ya waandishi wa tivii wanapandisha gari huko milimani kwa sababu wameambiwa kuna mfugaji kamfungia chui wa theluji zizini. Chui aliingia usiku akaua kondoo 9, madume yaliyohasiwa. Mfugaji ni Jinpa, na jina humo ni Jinpa. Mdogo wake ni mtawa anayewapiga picha hawa chui na kuwapenda, baba yao mzee anataka mnyama aachiwe kwa sababu ni wa mlima, sheria ya China nayo inamlinda kwa daraja la kwanza. Na katikati ya uwanja amesimama Jinpa anapiga kelele.

Hachoki. Kamera inamfuata bila kukata, anakwenda anarudi, anaonyesha zizi, anahesabu hasara, anatukana, anaapa hamwachii chui mpaka alipwe kondoo wake 9. Anamkatiza kila mtu. Ni mtu mmoja anayechosha kweli, hata wewe mtazamaji unaanza kutamani anyamaze, na hapo ndipo nilipokaa wima kwenye kiti. Yule mtu wa lori aliyekuwa haijui kamera, sasa anaigiza mtu anayeijua. Waandishi wa tivii wamemwelekezea kamera, naye shingo imenyooka, sauti imepanda nusu ngazi, anarudia sentensi ile ile vizuri zaidi mara ya pili. Niwaambie mimi niliyeshinda na sura za harusini: ndivyo hasa watu wanavyofanya. Kuigiza mtu asiyeigiza ni kazi. Kuigiza mtu asiye mwigizaji ambaye ghafla anaigiza, hiyo sijui niiteje.

Na mimi yule mtu namjua, ni mjomba wangu.

Kwao ni kijiji kinachopakana na hifadhi. Miaka kadhaa iliyopita chui aliingia kwenye boma usiku mmoja akaua mbuzi 7, akala mmoja, nusu. Huku kwetu kuna hiyo pesa inaitwa kifuta jasho, na ikitokea mtu kafa inaitwa kifuta machozi, yaani serikali yenyewe imekubali kwamba haikulipi, inakufuta tu. Mjomba akaambiwa atunze ushahidi mpaka afisa aje. Akakata masikio, kumi na manne, akayatia chumvi, akayafunga kwenye mfuko wa rambo akautundika kwenye mti wa mwarobaini nyuma ya jiko. Afisa hakuja wiki ile wala iliyofuata. Mimi nilikwenda likizo mwezi wa pili yake nikaukuta ule mfuko unanuka mpaka kuku wanapita mbali. Na kila mgeni aliyefika, mchungaji wa kanisa, muuza mitumba, mimi, alipelekwa kwanza chini ya mwarobaini akaonyeshwa. Ukimnyanyulia simu tu kumpiga picha ya kawaida ya familia, anasimama, anaanza: "Tarehe tatu, saa nane usiku..." Alikuwa ameshaikariri kama Tharlo na hotuba yake.

Ndugu walimwona msumbufu. Mi mwenyewe nilimwona msumbufu. Mpaka nilipomwona Jinpa ndiyo nikaelewa kwamba zile kelele hazikuwa za mbuzi peke yake, yaani mtu ambaye hakuna siku ameulizwa jambo lolote na mtu yeyote mwenye kalamu, leo ana sababu halali kabisa ya kuongea, kondoo 9, mbuzi 7, ina namba, ina ushahidi, basi ataongea yote, na ya miaka iliyopita ataweka humo humo. Angalia jinsi Jinpa anavyochelewesha kumaliza kila sentensi. Anajua akinyamaza tu wataanza kuongea wengine, mdogo wake na upole wake, afisa na karatasi zake, baba na mlima wake. Kutoka 1963 hadi 2023 ni miaka 60. Bubu amepata mdomo na hakuna wa kumzima.

Pema Tseden hakuiona filamu hii ikionyeshwa. Alifariki ghafla tarehe 8 Mei 2023 akiwa Tibet, miaka 53. Filamu ikaonyeshwa Venice Septemba mwaka huohuo, ikashinda tuzo kuu ya tamasha la Tokyo, na China ikaingia kwenye majumba 2024. Kwa mwigizaji kumpoteza mwongozaji wa namna hiyo ni kama mpiga ngoma kufiwa na mwimbaji wake, mikono ipo ila wimbo uko wapi. Ila nashukuru Jinpa hajawahi kuwa wa mtu mmoja. Ameigiza kwa Lhapal Gyal, kizazi cha baada. Na ameigiza kwa Jigme Trinley, ambaye ni mtoto wa Pema Tseden, kwenye One and Four ya 2021, hiyo ndiyo ningewashauri muanze nayo nyie mnaopenda muvi za "kitu kinatokea". Mlinzi wa msitu ana hangova, yuko kwenye kibanda chake katikati ya theluji, anagongewa mlango na mtu mwenye damu anayejiita polisi, halafu anafika mwingine, halafu mwingine, kila mmoja ana stori yake, na jangili ni mmoja wao. Bunduki, wasiwasi, njaa. Humo Jinpa anafanya kazi ya kusikiliza tu, sura ya mtu anayepiga hesabu ya uongo wa wenzake huku kichwa kinamgonga. Mtoto kamchukua mwigizaji wa baba yake akamweka kwenye thrila, na imekubali.

Mwezi uliopita nilikata kipande cha ile sehemu ya kelele, dakika mbili, nikamrushia mjomba WhatsApp. Sikuweka maelezo yoyote, na mjomba hasomi maandishi ya chini, ni Kiamdo kitupu na upepo. Akanipigia jioni.

"Huyu kaliwa wangapi?"

"Tisa, mjomba. Kondoo."

"Tisa." Akakaa kimya kidogo, nikasikia redio yake nyuma. "Anakosea lakini. Anapiga kelele siku ya kwanza. Siku ya kwanza unaongea pole pole, unamkaribisha afisa chai. Kelele unaziweka akiba, hii kitu ni ndefu."

Nikamwambia yule ni mwigizaji, mjomba, siyo mfugaji wa kweli.

"Mwigizaji?" akasema. "Basi mwambie ashushe ule mkono wa kulia. Ukinyoosha mkono hivyo wanaandika umetisha."

Nimerudi kuangalia. Mkono wa kulia kweli umenyooka.